Masharti ya Leseni ya Udereva na Njia za Katavi

Msafiri atokaye Sumbawanga kwenda Mpanda kwa gari hupita ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Katavi, na kabla hajauona mji hufika Sitalike, penye mto Katuma ambamo viboko hujilaza kwa makundi wakati wa kiangazi. Katika njia hiyo dereva hutakiwa kuyajua mambo ambayo hayakuandikwa katika kibao chochote cha barabarani: kwamba tembo aonekanaye peke yake kando ya njia huenda ana wenziwe nyuma ya miti, kwamba taa kali za usiku humpumbaza mnyama akasimama pale pale anapopaswa kukimbia, na kwamba vumbi la gari lililotangulia ni pazia liwezalo kuficha mkokoteni wa ng'ombe usio na taa. Maarifa haya yamo vichwani na mikononi mwa watu wengi wa mkoa huu. Walakini mifukoni mwa wengi wao kadi ya leseni, ambayo ndiyo shahidi pekee akubalikaye mbele ya sheria kwamba mtu anajua kuendesha, haimo. Na madhumuni ya makala haya ni kulichungua pengo hilo baina ya mkono na mfuko, limetoka wapi na lina dawa gani, maana ni desturi iliyoenea kulieleza kwa neno moja tu, ukaidi, na neno hilo halitoshi.

Sheria inayotawala jambo hili Tanzania Bara ni Sheria ya Usalama Barabarani ya mwaka 1973, ambayo imerekebishwa mara kadhaa lakini misingi yake haikubadilika. Inakataza mtu kuendesha chombo cha moto katika barabara ya umma ghairi ya kuwa na leseni ya daraja linalolingana na chombo kile, na inaweka umri wa miaka 18 kuwa mlango wa kuingilia, isipokuwa kwa pikipiki ndogo kabisa zisizozidi ujazo wa cc 50, ambazo kijana wa miaka 16 anaweza kuruhusiwa kuziendesha. Kazi ya kutoa leseni imegawanywa baina ya mikono miwili: Jeshi la Polisi, kwa kikosi chake cha usalama barabarani, humtahini mwombaji na kumpa hati ya umahiri, na Mamlaka ya Mapato Tanzania hupokea ada na kuitoa kadi yenyewe. Mgawanyo huu una hekima ndani yake, kwa kuwa anayepokea fedha siye anayehukumu ujuzi. Lakini una taklifu yake pia, ambayo mtu wa mjini haihisi na mtu wa kijijini huihisi mguuni na mfukoni.

Tumchukue kijana mmoja wa Karema, kwenye mwambao wa Ziwa Tanganyika, aliyetimiza miaka 18 na kutaka kuwa dereva halali tangu siku ya kwanza. Kwanza lazima awe na namba ya mlipakodi, ile TIN, na ili aipate hiyo lazima awe na namba ya kitambulisho cha taifa, kile cha NIDA. Na ili awe na namba ya NIDA hana budi kuonyesha kwamba alizaliwa, wapi, na na nani. Akishayapata hayo huomba leseni ya kujifunzia, ambayo ada yake ni shilingi 10,000 na muda wake ni miezi mitatu, nayo humruhusu kuendesha akiwa pamoja na mwalimu mwenye leseni, gari likiwa na kibao cha herufi L mbele na nyuma. Kisha husoma katika shule ya udereva iliyosajiliwa mpaka apewe cheti, hupimwa macho, hulipa shilingi 3,000 za mtihani, husimama mbele ya mkaguzi wa polisi kwa maswali ya alama za barabarani na kwa jaribio la kuendesha. Na akifaulu hulipa shilingi 70,000 za leseni, hupigwa picha, huchukuliwa alama za vidole, na kuipata kadi. Kadi hiyo zamani ilidumu miaka mitatu kwa shilingi 40,000. Bajeti ya mwaka 2019/2020 ndiyo iliyourefusha muda hata miaka mitano na kuipandisha ada. Mtu akizigawa fedha hizo kwa miaka ataona kwamba ada mpya imeizidi ile ya kale kidogo tu. Lakini mkulima wa mpunga halipi kwa mwaka. Hulipa kwa mkupuo, na mkupuo huja baada ya mavuno.

Ada, hata hivyo, si jiwe zito katika mzigo huu. Karema iko zaidi ya kilomita 100 kutoka Mpanda, na Inyonga upande wa mashariki nayo ni vivyo hivyo. Na safari tuliyoihesabu si moja, bali ni safari ya kitambulisho, safari ya namba, safari ya leseni ya kujifunzia, majuma ya kukaa mjini kwa ajili ya shule, safari ya mtihani, na ya kuifuata kadi ikiwa haikutoka siku ile ile. Intaneti imepunguza baadhi ya hatua hizi, na mwenye simu nzuri na mtandao uliotulia anaweza sasa kuomba namba na kulipa ada bila kuondoka kwake. Lakini macho hayapimwi kwa simu, wala usukani haujaribiwi kwa simu. Kijana wetu wa Karema, ambaye chakula na malazi ya mjini vinamgharimu kuliko ada zote za serikali zikijumlishwa, akifanya hesabu yake kwa uaminifu ataona kwamba gharama ya kuwa halali ni kubwa mara nyingi kuliko bei iliyoandikwa ukutani.

Hapa lazima tusimame kidogo juu ya jambo la utambulisho, kwa sababu Katavi si mkoa kama mikoa mingine katika jambo hili. Mkoa wenyewe ulizaliwa mwaka 2012 kwa kumegwa kutoka Rukwa, na sensa ya mwaka ule ilihesabu humo watu 564,604. Sensa ya mwaka 2022 ikahesabu 1,152,958. Katika muda wa miaka kumi, basi, watu wameongezeka zaidi ya mara mbili, na ongezeko la namna hiyo haliletwi na uzazi peke yake. Wamekuja wafugaji na wakulima wa Kisukuma na mifugo yao, wamekuja wachimbaji wa dhahabu, wamekuja wafanyabiashara wa mpunga na mahindi. Na mtu aliyehama mara mbili au tatu aghalabu ameviacha vyeti vyake, kama aliwahi kuwa navyo, mahali ambapo hata yeye mwenyewe hapakumbuki vizuri. Tena mkoa huu una Katumba na Mishamo, makazi yaliyofunguliwa katika miaka ya 1970 kwa ajili ya wakimbizi waliotoka Burundi mwaka 1972. Mwaka 2010 Tanzania ilifanya tendo la ukarimu ambalo mataifa machache yamelithubutu, ikawapa uraia zaidi ya watu 160,000 wa makazi hayo na ya Ulyankulu mkoani Tabora. Lakini hati zao zilianza kugawiwa mwaka 2014. Watu hawa walilima ardhi hii, wakazaa na kuzika ndani yake, wakauza mazao yao Mpanda, na waliendesha baiskeli, kisha pikipiki, katika njia zake kwa miaka mingi kabla kipande cha karatasi hakijakiri kwamba wao ni wa hapa.

Natoa mfano huu kwa kuwa unaonyesha kwa uwazi jambo ambalo mahali pengine limejificha. Katika masharti yote tuliyoyataja, mengi hayamwulizi mwombaji kama anajua kuendesha. Yanamwuliza ni nani. Swali hilo ni la haki, na serikali isiyowajua madereva wake haiwezi kumkamata aliyemgonga mtoto akakimbia. Lakini mtu ambaye swali la yeye ni nani limemchukua miaka kulijibu, hawezi kungoja miaka hiyo hiyo ndipo ajifunze kazi ya kumlisha. Hujifunza, huendesha, na karatasi humfuata nyuma.

Na hujifunza wapi? Zamani, Mpanda ilipokuwa mji wa reli, tawi la kutoka Kaliua likiwa limeletwa huku karibu na mwaka 1950 kwa sababu ya migodi ya risasi, udereva ulikuwa amali ya wachache, na njia ya kuipata ilikuwa utingo. Kijana alipanda lori akiwa mfunga turubai na mweka jiwe nyuma ya gurudumu, akaosha gari, akabadilisha tairi katika tope la masika, akaketi karibu na dereva usiku na usiku, hata siku moja mkubwa wake akampisha usukani katika sehemu iliyonyooka. Elimu hiyo ilikuwa ndefu na ya kweli. Ilikuwa na kasoro yake pia, kwamba mwanafunzi alirithi mazuri ya mwalimu pamoja na mabaya, na mwalimu aliyepita kilimani bila hadhari aliwafundisha wengine kumi wapite vivyo hivyo. Sheria kwa kutaka cheti cha shule imelenga kuikata minyororo hiyo, na imefanya vema. Ila imeifanya elimu ya utingo isihesabiwe hata chembe, hivyo aliyelala chini ya lori miaka mitano na asiyewahi kuufungua mfuniko wa injini husimama katika mstari mmoja kama watu walio sawa.

Madereva wenyewe walishawahi kulisema jambo linalokaribiana na hili kwa sauti ambayo nchi nzima iliisikia. Tarehe 10 Aprili 2015 mabasi yalisimama katika miji mingi ya Tanzania, na abiria wakakwama vituoni, kwa sababu ya agizo la kuwataka madereva warudi darasani kila wanapohuisha leseni. Na wakubwa wa serikali walilazimika kukutana nao na kurudi nyuma katika sharti hilo. Mimi sidhani kwamba madereva walikuwa wakiikataa elimu. Walikuwa wakikataa elimu inayowatoza nauli na ada, inayowatoa kazini bila ujira, na inayoanza kila mara kama kwamba miaka iliyopita haikuwafundisha kitu. Tofauti hiyo ni kubwa, na anayeipuuza hataelewa kwa nini mtu mzima mwenye heshima zake hukubali kuishi na hofu ya trafiki kuliko kwenda kuketi darasani.

Sasa tuje kwa vijana, ambako ndiko mashaka yaliko mengi. Tangu pikipiki za bei nafuu zilipoenea, bodaboda imekuwa kazi ya kwanza ya kijana wa Katavi aliyemaliza darasa la saba au kidato cha nne, kama shamba lilivyokuwa kazi ya kwanza ya baba yake. Katika kijiwe chochote cha Mpanda mtu atasikia habari za mkataba: mwenye chombo humkabidhi kijana pikipiki, kijana humpelekea hesabu kila siku au kila juma, na baada ya muda waliokubaliana pikipiki huwa ya kijana. Mkataba huo hauna nafasi ya majuma ya shule. Siku ambayo hakufanya kazi hesabu yake humngoja, na kwa hiyo anayetaka kujifunza kwa njia halali anatakiwa kwanza awe na fedha ambazo anataka kujifunza ili azipate. Fauka ya hayo, ile ruhusa ya miaka 16 iliyomo katika sheria haimsaidii, kwa kuwa pikipiki ya cc 50 haionekani katika njia hizi. Chombo kinachobeba gunia la mpunga na abiria juu yake ni cha cc 125 au 150, na hicho kwa kijana wa miaka 16 au 17 ni haramu. Wanaviendesha hata hivyo, vijijini zaidi kuliko mjini, mbali na macho ya mkaguzi.

Wako wasemao kwamba umri ushushwe ili sheria ilingane na hali. Siafiki, maana hali iliyopo inawaua na kuwavunja viungo vijana hao hao, na kuihalalisha si kuiponya. Lakini lipo jambo la kujifunza kwa wengine. Kule Marekani, ambako kila jimbo hutoa leseni kwa sheria yake, majimbo mengi humruhusu kijana wa miaka 15 au 16 kujifunza akiwa na mtu mzima kando yake; kisha humpa leseni yenye mipaka, asiendeshe usiku wa manane wala asijaze vijana wenzake garini; na mipaka huondolewa kadiri anavyokaa bila kosa. Florida ilianza utaratibu kamili wa namna hiyo mwaka 1996 na majimbo mengine yakafuata, na vifo vya madereva wa umri huo vilipungua. Siri yake haimo katika umri. Imo katika ngazi. Kijana hapewi barabara yote kwa siku moja.

Ngazi katika sheria yetu ipo, ila iko juu peke yake. Anayetaka daraja C, la mabasi yanayobeba abiria 30 au zaidi, lazima awe ameshika daraja la chini kwa muda usiopungua miaka mitatu, na Chuo cha Taifa cha Usafirishaji cha Dar es Salaam kimewekwa kuwafundisha madereva wa namna hiyo. Tena tangu mwaka 2019 LATRA, mamlaka ya udhibiti wa usafiri wa nchi kavu, imepewa jukumu la kuwathibitisha madereva wa biashara. Haya yote ni mazuri. Lakini madereva wa mabasi katika mkoa huu ni wachache, na bodaboda ni wengi. Na kijana aliyeipata leseni ya pikipiki jana asubuhi anaweza jioni kumpakia mama mjamzito kutoka Nsemulwa kwenda hospitali, kanuni za pikipiki za abiria za mwaka 2010 zikimtaka tu awe na kofia ngumu na asipakie mshikaki, yaani abiria zaidi ya mmoja. Tumejenga ngazi mahali penye watu wachache, na mahali penye umati tumeacha sakafu tupu. Ningeona ni insafu zaidi kama leseni ya pikipiki ingekuwa na mwaka mmoja wa mwanzo ambamo mwenyewe huendesha peke yake au na mzigo mdogo, kisha ndipo apate haki ya kubeba abiria. Na mwaka huo unaweza kuhesabiwa tangu siku alipoipata leseni ya kujifunzia, ili asione kwamba kuja mapema kumempotezea kitu.

Mtihani wenyewe, nao, unastahili kutazamwa. Mwombaji huulizwa alama, huamriwa kurudi nyuma baina ya vigingi, huamriwa kusimama na kuondoka mlimani. Ni mambo ambayo kila dereva duniani hana budi kuyajua. Lakini mtu aweza kuyafanya yote katika kiwanja cha mjini na bado asijue la kufanya akikutana na kundi la ng'ombe mia linalovuka mchungaji akiwa nyuma, au akiona maji yamefunika daraja dogo na hajui kama daraja lingali chini yake. Sehemu za lami zilizojengwa katika njia za Sumbawanga na Tabora katika miaka ya karibuni zimeongeza hatari ya namna nyingine. Zamani mashimo yalimlazimisha kila mtu kwenda polepole, na sasa mwendo umepanda, ilhali ng'ombe, baiskeli na watoto wa shule wamebaki pale pale walipokuwa. Mkaguzi mwenye uzoefu wa mkoa huu anayajua haya kuliko mimi. Apewe nafasi ya kuyauliza.

Isije ikafahamika kwamba nayadharau masharti. Leseni si mali ya dereva peke yake. Ni dhamana kwa mtu asiyemjua, yule aendaye kwa miguu. Sheria ya bima ya lazima imewekwa ili aliyegongwa asibaki na kilema na ufukara pamoja. Lakini mikataba ya bima huwa na sharti kwamba mwendeshaji awe na leseni halali, na pale alipokuwa hana, kampuni hupata mlango wa kubishana, na mabishano hayo huzunguka ofisini miezi na miaka huku majeruhi akiuza mbuzi wake kulipia dawa. Anayeendesha bila leseni kwa hiyo hajihatarishi yeye tu na faini yake. Anamnyang'anya jirani yake fidia kabla ajali haijatokea. Jambo hili sijalisikia likielezwa vijiweni mara nyingi, na naamini lingewagusa vijana kuliko vitisho vya kunyang'anywa chombo.

Lakini dhamana ikishakuwa muhimu kiasi hicho, ni wajibu wa mwenye kuitoa kuisogeza karibu. Maofisa wa vitambulisho wamekwisha kwenda vijijini kuandikisha watu na kuchukua alama za vidole. Basi kwa nini mkaguzi wa polisi, mpima macho na mtumishi wa mapato wasipange safari moja baada ya mavuno, siku tatu Karema, siku tatu Mishamo, siku tatu Inyonga, siku tatu Majimoto, na mwalimu wa shule ya udereva akatangulia majuma mawili mbele yao? Na kwa mzee aliyeendesha lori miaka ishirini akafaulu mtihani wote, cheti cha darasani kingeweza kufidiwa kwa mtihani huo ukiwa mgumu zaidi, badala ya kumrudisha kujifunza jinsi ya kuwasha gari.

Haja ya jambo hili haitapungua. Huko Karema imejengwa bandari inayotazama Kalemie ng'ambo ya ziwa, kwa matumaini kwamba shehena ya Kongo itapita Katavi, na kadiri shehena itakavyoongezeka ndivyo malori makubwa yatakavyohitaji watu wenye daraja E kuyaendesha. Kijana wa Karema anayeijua kila kona ya njia ile, na mahali gani hutelemka maji mvua ya kwanza ikinyesha, atakuwa amekaa kando ya lango la bandari na pikipiki yake isiyo na karatasi, akimngoja dereva aliyetoka mbali ashuke, amwulize kama anahitaji kupelekwa mahali pa kulala.